Muulize Bi Mkubwa: Yule bibi wa friji kwenye televisheni ya laivu, kweli mlango ulimgomea?

SWALI

Assalaam alaykum Bi Mkubwa. Mie ni mtoto wa kike wa miaka 23, niko Unguja mjini, nimemaliza kozi ya habari mwaka jana na kazi ya redio wala tv sijapata, kwa hiyo sasa hivi nauza vitu vya watu laivu Instagram, zaidi mafriji, majiko na mashine za kufulia, kuna duka moja linanilipa kwa kila kitu kinachotoka. Naipenda kazi hii wallahi, nikiwasha simu nikaona watu wanaingia mmoja mmoja najisikia niko kwangu. Lakini nyumbani hawaioni kama ni kazi. Mjomba wangu ndo mkali zaidi, juzi kanihadithia mbele ya watu wote kwamba Marekani zamani alikuwepo mwanamke maarufu akiuza friji kwenye televisheni, laivu, siku moja mlango wa friji ukakataa kufunguka nchi nzima inatazama, akaaibika na kazi ikaisha hapohapo, na mie mwisho wangu ndo huo. Nataka kujua, huyo mwanamke yupo kweli au mjomba kanitungia? Na kuna jengine ambalo nyumbani sijawaambia. Tajiri wa duka anataka niseme mafriji ni mapya wakati ni ya mtumba, yametoka nje yakapigwa rangi. Nikisita ananambia wako wengi wanaoitaka nafasi yangu. Nifanye nini?
Wa Laivu, Mpendae

JIBU

Waalaykumu salaam mwanangu. Mwambie mjomba wako, kwa adabu, hadithi kaipata lakini kaipata nusu. Mwanamke yupo, jina lake Betty Furness, na mlango wa friji kweli uligoma laivu, ila siku ile aliyesimama mbele ya friji hakuwa yeye. Alikuwa mwigizaji mwengine, June Graham, kamshikia nafasi tu. Picha ile ikarushwa tena na tena miaka na miaka kwenye vipindi vya vituko vya televisheni ya zamani, na kwa kuwa jina lililojulikana kwa mafriji ni la Betty, watu wakambandika yeye mpaka leo. Na kazi yake haikuisha kwa mlango wala kwa kitu chengine, ilikwenda mpaka akawa mzee wa miaka 76, na pale ilipofika nadhani hata mjomba wako akisoma atanyamaza kidogo. Kwa hiyo kaa nikuhadithie vizuri, manake na jibu la tajiri wako limo humo humo.

Betty kazaliwa New York, Januari 1916. Akiwa na miaka 14 kesha kuwa mwanamitindo, na 1932 kampuni ya filamu ya RKO ikampa mkataba, kenda Hollywood. Miaka ile ya thelathini kacheza filamu zaidi ya 30 lakini nyingi ni zile za bei rahisi ambazo leo hakuna anayezikumbuka, kubwa aliyotokea ni ile ya densi ya 1936 ya Fred Astaire na Ginger Rogers, na humo yeye ndo mchumba anayeachwa. Baadae filamu zikakauka. Akarudi New York na mtoto wake wa kike, akawa anatafuta kazi ya jukwaa na redio huku na huku kama unavotafuta wewe, na wakati huo keshapita miaka 30, umri ambao wenye filamu walikuwa wakimuona mwanamke kesha zeeka.

Mwaka 1948 CBS, shirika la televisheni la Marekani, wakaanzisha mchezo wa kuigiza wa kila wiki, Studio One, saa nzima, laivu kutoka New York, na kampuni ya vitu vya umeme ya Westinghouse ikaja kuwa mdhamini. Betty alichukuliwa kama mwigizaji tu. Studio ni moja, pembe hii wanaigiza, pembe ile liko friji la tangazo, na yeye akamuona yule aliyepewa tangazo halimkai mdomoni, basi akajaribu yeye. Wenye kampuni wakaipenda ile namna yake ya kusema, kama mtu anayezungumza na wewe jikoni kwako, hapayuki, hajifanyi, wakampa kazi kwa dola 150 kwa wiki. Kuanzia 1949 mpaka 1960 yeye ndo akawa Westinghouse. Miaka kumi na moja mwanangu, kwenye kazi ambayo mjomba wako anasema huishia siku moja.

Sasa nataka ufahamu laivu ya wakati ule ilikuwaje, kwa sababu nyie mna bahati, ukikosea unafuta unaanza upya na komenti mbaya unaziondoa. Kwao hakukuwa na mkanda wa kurekodia picha kabisa. Mashine ya mwanzo ya mkanda iliyofaa kazi, ya kampuni ya Ampex, ilioneshwa 1956, kabla ya hapo ukitaka kuweka kumbukumbu ya kipindi unaweka kamera ya filamu mbele ya skrini na unaipiga picha skrini yenyewe, picha inatoka ya ukungu. Kwa hiyo Jumatatu saa nne za usiku kilichotoka kimetoka. Mchezo unasimama, taa kali zinageuzwa upande wa friji, taa za moto khasa, yeye anaingia kasimama wima na nguo yake nzuri, anafungua mlango, anavuta droo, anaonesha barafu, anaeleza nafasi na rafu, na anamalizia kwa yale maneno ambayo Marekani nzima iliyajua, kwamba ikiwa ni Westinghouse uwe na hakika. Halafu kamera zinarudi kwa waigizaji ambao dakika ile ile walikuwa mbio wanabadilisha nguo kimya kimya nyuma ya ubao, na usiku ule ule anafanya tena tangazo jengine, pengine la jiko au la mashine ya kufulia. Ukisahau, umesahau mbele ya mamilioni.

Na mamilioni walikuwa wanaongezeka kila siku. Mwaka 1950 nyumba zenye televisheni Marekani zilikuwa karibu asilimia 9 tu, ilipofika 1960 zimepita asilimia 85. Yaani watu wale walinunua televisheni yao ya kwanza na sura waliyokutana nayo humo ni ya Betty kila wiki, akiwaambia nini cha kutia jikoni. Kilichomtoa zaidi ni mwaka 1952. Mwaka ule vyama viwili vikubwa, Republican na Democratic, vyote vilifanya mikutano ya kuteua wagombea urais mjini Chicago, mwezi mmoja wa Julai, na ilikuwa mara ya kwanza mikutano hiyo kuonekana laivu pwani mpaka pwani, manake njia ya kupeleka picha nchi nzima ilikamilika Septemba 1951 tu. CBS walimuweka mtangazaji wao Walter Cronkite aongoze, Westinghouse wakadhamini matangazo yao, na kila wajumbe wanapopumua anatokea Betty na friji, na jiko, na mashine ya kufulia, mchana na usiku, na nguo anabadilisha kila mara. Watu wakawa wanasema sura yake imeonekana kuliko ya Eisenhower na ya Stevenson, na hao ndo wagombea wenyewe.

Hapa mie namstahi kwa kitu kimoja kabla ya vyengine. Kazi ile watu waliidharau, waigizaji wenzake waliona tangazo ni kushuka daraja, na yeye aliifanya kwa ukamilifu ule ule wa mtu anayecheza jukwaa kubwa. Kaishika, kaijua, kaipenda. Wewe ukisema unajisikia uko kwako ukiwasha simu, hicho si kitu kidogo, usiwaache nyumbani wakakiona kidogo.

Lakini kuna upande wa pili, na huu ndo nnaotaka uusome taratibu. 1960 yeye na Westinghouse wakaachana. Betty akataka kazi ya maana kwenye televisheni, kipindi, mahojiano, habari, kitu cha akili, akakuta milango imefungwa, kila mkubwa akimtazama anaona friji. Uso wake ulikuwa unaaminika na nchi nzima lakini imani ile ilikuwa imewekwa kwenye bidhaa za watu, yeye mwenyewe hana pa kuipeleka. Akafanya redio, akafanya kazi za siasa, akazunguka majimboni kuhamasisha mipango ya serikali ya kupambana na umasikini, ule wa VISTA wa watu wa kujitolea na ule wa Head Start wa watoto wadogo wa masikini kabla hawajaingia skuli. Hakuna kamera, hakuna taa. Mikutano, vyumba vya madarasa, safari. Miaka hiyo watu wanaipita haraka wakimhadithia, mie naiona ndo iliyomjenga, manake alikuwa kesha kuwa tajiri na maarufu na angeweza kukaa kwake akapumzika.

Mwaka 1967 Rais Lyndon Johnson akamteua kuwa msaidizi wake maalumu wa mambo ya watumiaji, yaani mtu wa kumtetea mnunuzi, akipokea kiti kutoka kwa Esther Peterson. Mwanangu, watu walikasirika, wengine wakacheka. Wakasema huyu muuza friji, kala mshahara wa kampuni miaka yote, leo atamtetea mnunuzi dhidi ya kampuni? Na swali lao lilikuwa la haki kabisa. Jibu lake likawa ni kazi tu. Akaenda kwenye kamati za bunge, akasafiri, akauliza, akajifunza sheria ambazo hakuwa akizijua.

Nikupe mbili zilizopita akiwa pale, na alizipigania. Ya kwanza ni ya nyama, ikasainiwa Desemba 1967. Marekani walikuwa na sheria ya ukaguzi wa nyama tangu 1906, lakini ile iliangalia nyama inayovuka kutoka jimbo moja kwenda jengine tu, nyama iliyochinjwa na kuuzwa ndani ya jimbo moja iliachiwa majimbo yenyewe, na mengine ukaguzi wao ulikuwa jina tu, kwa hiyo mtu akila nyama chafu akijua imekaguliwa. Sheria mpya ikayalazimisha majimbo yafikie kipimo kile kile cha serikali kuu au serikali kuu iingie yenyewe. Ya pili ni ya mikopo, Mei 1968. Watu walikuwa wakinunua vitu kwa kulipa kidogo kidogo, mafriji yakiwemo, na hawajui mwisho watalipa kiasi gani, wanaambiwa malipo ya mwezi tu na mengine yamefichwa. Sheria ikasema mkopeshaji aandike wazi gharama yote ya mkopo na asilimia yake kwa mwaka, kabla mtu hajasaini. Kwetu sie riba ni mlango mwengine kabisa na sitaki kuuingia hapa, lakini ile kanuni ya kumwambia mtu bei kamili kabla hajatoa mkono, hiyo ni yetu tangu zamani.

Ukifikiri, mafriji yale yale. Kwanza alisimama mbele yake akiwaambia watu nunueni, halafu akasimama upande wa pili akiwaambia wauzaji semeni kweli. Na aliweza kwa sababu upande wa wauzaji alikuwa anaujua kwa ndani, anajua tangazo linavotengenezwa, anajua neno gani linasemwa kwa sauti na lipi linapitishwa haraka.

Johnson alipotoka Januari 1969 naye akatoka. Akaingia kwenye bodi ya Consumers Union, wale wanaopima bidhaa na kuchapisha matokeo kwenye jarida lao. 1970 jimbo la New York likampa bodi yake ya kuwalinda watumiaji, baada ya kama mwaka akaondoka manake wabunge wa jimbo hawakupitisha sheria alizozitaka. Ndivo alivokuwa, kiti bila kazi hakitaki. 1973 akawa kamishna wa mambo hayo hayo kwa jiji la New York. Na 1974, akiwa na miaka 58, akarudi kwenye televisheni, kituo cha WNBC cha New York, safari hii akiwa mwandishi wa habari za wanunuzi. Ile kazi aliyoitafuta 1960 akakosa. Watu wanaleta malalamiko yao, gari bovu, fundi kala pesa, dawa inayodai kutibu kila kitu, yeye anakwenda na kamera anauliza, anataja. Akatokea pia kwenye kipindi cha asubuhi cha Today nchi nzima, na 1976 Barbara Walters, aliyekuwa mtangazaji wa kipindi hicho, alipohama, kabla Jane Pauley hajachukuliwa kushika nafasi yake, Betty alikalia kile kiti kwa muda. Kipindi chake cha WNBC kilipata tunzo ya Peabody ya 1977, na tunzo ile katika utangazaji wa Marekani ni kubwa, hawampi mtu kwa sura.

Mwaka 1990 akaumwa, saratani ya tumbo, akaendelea kufanya kazi kwa siku chache za wiki. 1992 wakamuachisha. Akafariki Aprili 1994, umri miaka 78. Hiyo ndo kazi ambayo mjomba anasema iliisha kwa mlango.

Sasa tuje kwa tajiri wako.

Usiseme. Sikuzungushii maneno mwanangu, friji la mtumba usiseme jipya, hata akupe mara mbili. Unaijua hadithi ya Mtume (SAW) alipopita sokoni akatia mkono kwenye rundo la chakula, juu kikavu, ndani vidole vikakuta kumeloa, na unajua alichomwambia mwenye mali, kwa nini hukukiweka juu watu wakakiona, na kwamba mwenye kughushi si katika sisi. Hapo pametosha kwa Muislamu. Lakini hata ukiliangalia kibiashara tu, kwenye laivu mtu haangalii jina la duka, anaangalia uso wako. Friji likifa baada ya wiki mbili mnunuzi hatamtafuta tajiri, tajiri hamjui, atakusimamisha wewe Darajani mbele za watu, na ile siku utakayotaka kuhama kwenda redioni au kwenye tv au kuanzisha lako mwenyewe utakuta wote wanakukumbuka kwa lile friji. Betty kampuni ilipomuacha alibaki na uso unaoaminika, ukamtoa baada ya miaka saba. Angekuwa kadanganya, angebaki na nini?

Na mtumba unauzika kwa ukweli, tena vizuri, manake watu wetu wanajua mitumba, wengi hawana pesa ya jipya na wanachotaka ni kujua wanapata nini. Kabla hujawasha simu liendee friji lenyewe. Chukua kipande cha karatasi ukibane mlangoni, ufunge, uvute, kikitoka laini bila kuzuiwa ujue rabar imechoka pale na baridi inatoka na umeme unakwenda bure, zunguka pembe zote nne hivo hivo. Lichomeke tangu asubuhi, utie kibakuli cha maji kwenye sehemu ya kugandisha, ukifika wakati wako watu waione barafu kwa macho yao. Weka sikio nyuma, mashine inawaka inapumzika au inanguruma tu haizimi? Chungulia chini na kwenye bawaba kama kuna kutu, rangi mpya huficha kutu lakini haiiondoi, na hewa yetu ya chumvi itaimaliza kazi iliyobaki. Kama lilisafirishwa limelazwa liache lisimame masaa kadhaa kabla ya kulichomeka, mafuta ya mashine yarudi mahali pake, na hilo mwambie na mnunuzi kwa sababu na yeye atalipakia kwenye pikapu au kwenye boti ya Pemba na atalilaza.

Halafu ukiingia laivu sema wazi, jamani hili limetumika, limetoka nje, nimeliwasha asubuhi barafu yake hii hapa, rabar ya chini upande wa kulia imechoka kidogo fundi anaibadilisha, rangi limepigwa upya, bei yake kadhaa, ukija dukani nakuchomekea uone. Fanya hivo wiki mbili tatu, tajiri aone kwa macho yake. Mwambie kwa upole, tajiri, mie nitakuuzia zaidi kwa njia hii na watu watarudi. Akikubali alhamdulillahi. Akikataa na akakwandikia ujumbe kwamba useme ni jipya, ujumbe usiufute, na uondoke, hata kama huna pengine pa kwenda kwa sasa. Najua si rahisi kumwambia mtoto aache kipato na sikwambii kwa wepesi. Ila Zanzibar tunayo sheria ya 2018 ya ushindani halali na kumlinda mtumiaji, na Tume ya Ushindani Halali wa Biashara ipo kwa ajili ya mambo khasa ya namna hii, mtu kuuziwa kitu kwa maelezo ya uongo, na siku likifika huko sauti itakayosikika kwenye video ni yako.

Na nyumbani waambie. Sio kila kitu, waambie hili la tajiri. Mjomba anayeogopa uaibike ni mtu anayekujali, na akijua kwamba umekataa kudanganya watu kwa pesa nafikiri atakutazama vyengine. Kama una rafiki zako wa kozi walio pale Kilimani wanasomea zaidi habari SUZA, chuo kikuu chetu cha taifa, usikate nao mguu, peleka na kazi zako za laivu uwaoneshe, manake mtu anayeweza kusimama peke yake mbele ya kamera nusu saa bila karatasi na akaeleza kitu kikaeleweka, vituo vinamtafuta hata kama leo havijamuona.

SWALI

Bi Mkubwa shikamoo. Mimi ni mzee wa Wete, nina wajukuu wanaosoma Dar, nimewaambia kuwa Zanzibar tulikuwa na televisheni kabla ya bara, tena ya rangi, wakacheka wakasema babu unasifia kwenu. Nisaidie.
Babu wa Wete

JIBU

Marahaba, ila kwa umri wako pengine mie ndo nikushikie mguu. Hukusifia, umesema kweli. Wazo lilikuwa la Mzee Karume, hakuwahi kuliona manake aliuawa Aprili 1972, ikaja kufunguliwa Januari 1974 chini ya Mzee Aboud Jumbe, Televisheni Zanzibar, TVZ, na tangu siku ya kwanza ni ya rangi. Kusini mwa Sahara sie ndo wa mwanzo kwa rangi. Kenya walikuwa na televisheni tangu 1962 na Uganda 1963 lakini nyeusi na nyeupe, Afrika Kusini pamoja na utajiri wao televisheni iliwaingilia 1976. Bara wakasubiri mpaka 1994, miaka 20 kamili, na walioanza ni vituo vya watu binafsi. Waulize wajukuu zako wahesabu wenyewe.

Na utazame mwaka, 1974, mwaka ule ule Betty niliyemhadithia hapo juu anarudi studio New York kuwatetea wanunuzi, na sie huku ndo tunawasha yetu. Wale vijana wetu wa TVZ ya mwanzo, watangazaji na mafundi, walijifunza kazi ambayo hapakuwa na mtu wa kwetu aliyewahi kuifanya, na wengi wamezeeka sasa wako mabarazani hakuna anayewauliza. Kama uko karibu na mmoja wao huko Pemba au akija Unguja, mkalishe, umrekodi na simu, muulize ilikuwaje usiku wa kwanza. Ukiniletea nitayaandika hapa.

SWALI

Bi Mkubwa mie nikiingia laivu maneno yote yananipotea, nabaki kusema "karibuni, karibuni". Nauza udi na vikuba. Kuna dawa?
Binti wa Michenzani

JIBU

Ipo, na haimo kwenye kukariri. Ukikariri maneno neno moja likidondoka yote yanafuata. Shika mpango tu, vitu vitatu, kwanza hiki ni nini na kimetengenezwa na nini, pili kinatumikaje, tatu bei na unavyokipata. Anza mikono yako ifanye kazi kabla ya mdomo, chetezo kiwe na makaa tayari, tia udi, watu wauone moshi, mikono ikishughulika ulimi unafunguka wenyewe. Mtazame mtu mmoja tu unayempenda, fikiria yuko upande wa pili wa simu, mama yako au shoga yako, uzungumze naye. Na kitu kikiharibika katikati, makaa yamezima, chupa imeteleza, usijifanye hakikutokea, sema makaa yamezima nisubirini niyapulize, uyapulize, uendelee pale ulipoachia.